Sebule Iliyopakwa Masizi

Jina la Jicho alipewa na mwenye studio ya picha za vitambulisho, mzee mnene aliyeamini kwamba mtu akitabasamu kwenye picha ya pasipoti ana jambo analoficha. Siku ya tatu ya kazi aliingia mama mmoja kupigwa picha. Mzee akawasha taa zote mbili kama kawaida yake, na yule mfanyakazi mpya, ambaye bado hakujua hata vikombe vya chai vinawekwa wapi, akamwomba azime moja.

"Ukiwasha zote uso wake unakuwa kama sahani," alisema. "Huyu mama ana sura. Mwachie kivuli chake."

Mzee akazima kwa hasira ili amkomeshe. Akapiga, akasafisha picha, akaitazama, akaitazama tena. Tangu siku hiyo akamwita Jicho, na jina likamganda.

Kutoka studio aliingia kwenye harusi, na kamera ya video ikakaa begani mpaka bega la kulia likawa chini kuliko la kushoto. Kutoka harusi akaingia kwenye matangazo ya sabuni na unga, ambako alijifunza taa. Filamu ya kwanza aliipata kwa sababu mpiga picha aliyepangwa alivunjika mguu. Baada ya hapo hakurudi nyuma. Alipofika miaka hamsini na miwili, usingeweza kuzungumza habari za filamu za nyumbani bila kumtaja.

Na sifa zake nyingi zilikuwa za haki, hilo lisemwe. Hakuwamwagia watu mwanga mpaka wakapauka. Alitafuta saa ambayo jua linaingia lenyewe mlangoni, kisha akamweka mtu pale ambapo angekaa hata kama kamera isingekuwepo. Mgeni akibisha hodi katika filamu zake, kamera ilingoja salamu ziishe, za nyumbani, za watoto, za yule aliyekuwa anaumwa, wala haikumkatiza mtu. Aliiweka chini, kimo cha aliyeketi, kwa sababu, alisema, kumtazama mama yako ukiwa umemsimamia kichwani ni kukosa adabu. Maneno kama hayo yaliandikwa magazetini, na wanafunzi wakayanakili kwenye madaftari. Lililopendwa kuliko yote lilikuwa fupi: "Mimi sigusi kitu. Nyumba ya mtu inajua kujisimulia."

Katika filamu iliyompa jina kubwa kuliko zote, neno hilo lilikuwa uongo mtupu.

Filamu yenyewe ilihusu mwanamke anayemngoja mume aliyekwenda kutafuta kazi asirudi. Walihitaji chumba cha huyo mwanamke. Walizunguka wiki mbili, lakini vyumba vyote walivyopata vilikuwa vidogo mno, kamera ikiingia mwigizaji anabaki nje. Ndipo Jicho akakumbuka sebule ya mama yake. Ilikuwa na dirisha la vipande vya mbao vilivyolazwa kwa nafasi, upande wa mashariki, na kuanzia saa tatu mpaka saa tano asubuhi mwanga uliingia umekatwakatwa kama mkate.

Mwongozaji, mwanamke mrefu asiyependa kurudia maneno, alifika akasimama katikati ya sebule.

"Dirisha hili ni dhahabu," alisema. Kisha akageuza shingo taratibu akitazama vingine vyote. "Lakini hivi..."

Hakumaliza. Jicho ndiye aliyemalizia. "Hivi vinaondoka," alisema.

Hivi vilikuwa nini? Mama yake alifua mashuka ya hospitali miaka thelathini na moja, katika chumba cheupe chenye mvuke, akivaa buti za mpira. Alipostaafu aliamua kwamba macho yake yameona weupe wa kutosha. Akapaka sebule rangi ya bluu nyepesi ya mafuta, kwa mkono wake mwenyewe, akisimama juu ya meza, binti yake akishikilia miguu ya meza na kupiga kelele kwamba atavunjika nyonga. Akanunua kabati la vioo, na ndani yake akapanga vikombe vyenye ukingo wa dhahabu ambavyo havikuwahi kunywewa. Makochi aliyavalisha vitambaa alivyofuma mwenyewe. Televisheni nayo aliifumia chake, ikawa kama bibi harusi. Kila asubuhi alifuta vumbi kuanzia kushoto kwenda kulia, kama anayesoma.

"Mama, tutasogeza vitu kidogo tu," Jicho alimwambia. "Nenda kwa mama mdogo upumzike wiki moja. Kelele zetu utaziweza?"

"Sogezeni, baba. Nyumba si ni yako?"

Alifunga mkoba wake akaenda, na huku nyuma wakaisambaratisha. Makochi yalitolewa uani chini ya turubai, mvua ikanyesha, turubai likavuja. Vikombe viwili vilivunjika mikononi mwa mtu aliyekuwa akichezea simu. Ukuta wa bluu waliupaka masizi yaliyochanganywa na gundi ya unga, Jicho mwenyewe akiwa wa kwanza kuchovya tambara, kwa sababu hakuna aliyejua kama yeye weusi unapaswa kuanzia wapi na kufifia wapi. Wakaleta mkeka uliochakaa, sanduku la mbao, na koroboi. Asubuhi ya tatu jua likaingia dirishani, likaupiga moshi wa koroboi, na picha ikawa nzuri hata Mwongozaji akashika mdomo.

Masizi hayakutoka yote. Wakapaka rangi nyingine ya bluu juu yake. Mama aliporudi aliweka mkoba chini, akaenda moja kwa moja ukutani, akaugusa kwa kiganja.

"Mmepaka upya?"

"Ndiyo, Mama. Zawadi yako."

"Hii imekolea," alisema. "Yangu ilikuwa nyepesi." Kisha, kwa kuwa alikuwa mtu mwenye adabu, akaongeza: "Asanteni."

Akahesabu vikombe kwa macho bila kufungua kabati, na hakuuliza.

Filamu ilizunguka nchi za watu ikarudi na tuzo, moja ikiwa ya picha. Waliomsifu Jicho walisema ameonyesha maisha ya watu wake bila kuyapamba. Alihojiwa mara nyingi, na kila mara alisema lile neno lake la kutogusa kitu, na kila alipolisema lilizidi kuwa laini ulimini. Kuhusu mama yake kuiona hiyo filamu, hakuwa na wasiwasi. Mama hakwenda sinema. Alisema viti vyake vinameza watu.

Kisha dada yake akapiga simu. Dada yake alikuwa fundi cherehani, mkubwa kwake kwa miaka mitano, na alizungumza kama anavyoshona, haraka na bila kuinua mguu kwenye pedali.

"Shule ya mtaani wanataka kuionyesha filamu yenu ukumbini Jumamosi mchana. Mwalimu mkuu amekuja mwenyewe kwa Mama na barua. Mama amekubali. Nimeshamkatia gauni la zambarau. Utakuja, usilete sababu."

Alitafuta sababu mbili tatu zikakataa kuja. Akaenda.

Ukumbi ulifunikwa madirisha kwa mifuko myeusi ya plastiki. Mtaa mzima ulikuwepo, waliomjua tangu akiwa na kamasi, na katikati ya mstari wa mbele akakaa mama yake katika gauni la zambarau, kulia kwake Mama Pacha, jirani wa ng'ambo ya barabara, rafiki yake wa tangu zamani. Jicho aliwekwa kiti pembeni, karibu na jukwaa, mahali ambapo alimwona mama yake vizuri kuliko alivyoiona filamu.

Dakika ya kumi na mbili sebule ilijitokeza. Ukuta mweusi, mkeka uliofumuka, koroboi juu ya sanduku. Kwanza watu hawakuitambua. Kisha kamera ikageukia dirisha, na lile dirisha lilikuwa na kipande kimoja kilichopasuka kilichofungwa kwa waya, na waya huo kila jirani aliujua.

"Si kwa..." mtu alianza nyuma, akanyamazishwa.

Mama yake hakutikisika. Alikuwa ameshika mkoba magotini kwa mikono miwili, mgongo wima, kidevu juu kidogo. Jicho aliujua ukaaji ule. Ndivyo alivyokaa nje ya mlango wa daktari siku walipongoja majibu ya uvimbe wake. Kwa saa moja na nusu iliyobaki Jicho hakuona kitu kingine. Picha zake zote nzuri zilipita pembeni mwa jicho lake, na kila moja ilimuunguza shavu.

Taa ziliwashwa, watu wakapiga makofi. Mwalimu mkuu akakaribisha maswali. Alisimama mwandishi wa gazeti, dada mmoja mchangamfu mwenye daftari, ambaye hakuwa na ubaya wowote na hakujua anachokifanya.

"Tumesikia chumba kile ni cha nyumbani kwenu kabisa. Ni kweli?"

"Ni kweli," Jicho alisema kwenye kipaza sauti. "Nimekulia pale."

"Na wewe husema hugusi kitu. Hata pale hukugusa?"

Hapo ndipo angeweza kusema. Ilikuwa sentensi moja tu. Mdomo ukafunguka, na kilichotoka ni kile ulichozoea.

"Mimi sigusi kitu. Nyumba ya mtu inajua kujisimulia."

Makofi. Alijisikia akitabasamu. Yule dada, akiwa na furaha ya mtu aliyepata mwisho mzuri wa habari yake, akageukia mstari wa mbele.

"Mama mzazi yupo hapa, tumeambiwa. Mama, na wewe tusaidie. Ndivyo mlivyokuwa mkiishi?"

Kipaza sauti kikapitishwa mkono kwa mkono. Mama alisimama, akanyoosha gauni. Hakumtazama mwanawe hata kidogo. Alitazama mbele, pale pazia jeupe lilipokuwa tupu sasa.

"Ndivyo," alisema. "Ndivyo tulivyokuwa."

Akakaa. Makofi yalikuwa makubwa kuliko ya mara ya kwanza. Mwandishi alikuwa akifuta machozi. Jicho alitamani sakafu ipasuke immeze na kiti chake, lakini sakafu za shule ni za saruji.

Walirudi nyumbani kwa miguu, jua bado kali. Mama mbele, Jicho nyuma yake, na dada yake nyuma kabisa akikanyaga kwa nguvu kama anayeua mende. Mama alivua viatu mlangoni akavipanga, akaingia, akakaa kwenye kochi lake.

"Chai iko kwenye chupa," alisema.

"Mama..."

"Ulitaka niseme nini pale? Nikuumbue mbele ya watu wazima?"

"Hapana, Mama. Nisamehe."

Alipapasa kitambaa cha mkono wa kochi, kilichobaki na alama ya maji ya ile mvua.

"Kilikuwa na kosa gani?" aliuliza.

"Nini, Mama?"

"Chumba changu. Kilikuwa na kosa gani?"

Jicho aliwahi kuzungumza saa mbili mbele ya wageni kuhusu rangi, kivuli na mizizi. Sasa alitafuta neno moja la kumwambia mwanamke huyu, akalikosa.

"Hakikuwa na kosa. Ni hadithi tu ilitaka... Yule mwanamke wa kwenye hadithi alikuwa maskini, ana uchungu, anamngoja mumewe..."

"Mimi nilimngoja baba yenu miaka minne," mama alisema. "Nilimngoja nikiwa na mapazia ya maua, nikiyafua kila mwezi, kwa sababu nilisema akirudi asikute nyumba imechoka. Uchungu ulipungua kwa sababu ya mapazia? Ungekuja kuniuliza. Nilikuwa kwa mama yako mdogo, si mbali."

Dada yake akasonya huko jikoni. Jicho aliinamisha kichwa. Katika miaka yote ya kuizungumza filamu ile, haikumpitia akilini kwamba mama yake anamjua yule mwanamke.

Wiki ile haikupita salama. Siku ya Jumatano dada yake akapiga simu.

"Mama Pacha ameleta mablanketi mawili na sufuria. Mama kapokea."

"Kapokea? Kwa nini asikatae?"

"Akatae aseme nini, mwerevu wewe? Si ameshasema ndivyo? Ameyaweka kwenye kabati la vioo, yananitazama."

Alhamisi Jicho alikuwa na darasa katika chuo cha filamu. Somo lilikuwa lile lile la kila mwaka, picha yenye asili ya mahali. Aliingia, akawasha mashine, picha maarufu ikatokea ukutani, dirisha na moshi na ukuta mweusi. Wanafunzi wakafungua madaftari. Akaitazama kwa muda, kisha akawaambia yote. Aliwaambia kuhusu rangi ya bluu, tambara la masizi, makochi kulowa, vikombe. Aliwaambia kwamba aliogopa wageni wasingeamini kuwa nyumba yenye kabati la vioo inaweza kuwa ya mtu wa nchi hii, hivyo akaitengeneza ile wageni hao waliyoizoea, akaiita asili. Aliwaambia mama yake alidanganya kwa ajili yake mbele ya mtaa mzima.

Mwanafunzi mmoja wa kike akauliza kama tuzo atairudisha. Akasema hajui. Mwingine akauliza kama picha bado ni nzuri. Akasema ndiyo, na hilo ndilo linalomuumiza.

Alitoka pale akijisikia mwepesi, kama aliyetapika. Hakujua kwamba mmoja wao amemrekodi kwa simu. Mpaka Ijumaa jioni maneno yake yalikuwa yameenea kila mahali. Mwongozaji alimpigia akamtukana matusi ambayo Jicho hakujua kama mwanamke huyo anayajua. Wengine walimpigia kumpongeza. Walisema ni mtu jasiri, wakubwa wangapi wanaweza kukiri hadharani? Na Jicho, Mungu amsamehe, alizipenda zile pongezi. Jumamosi asubuhi alikwenda kwa mama yake akitarajia, bila kujiambia, kwamba mama naye atampongeza.

Mama alikuwa amekaa sebuleni na mablanketi yamewekwa mezani, yamekunjwa, na sufuria juu yake.

"Shikamoo, Mama."

"Marahaba. Nimekusikia jana. Nilikuwa kwenye foleni ya zahanati, nesi akaja na simu yake, akasema mama, mwanao huyu. Akaweka sauti ya juu. Foleni nzima ikasikia kwamba mimi ni mwongo."

Jicho akasogea karibu na meza.

"Mama, mimi nilikuwa nasema ukweli. Kosa ni langu, nimesema hivyo hivyo, kwamba kosa ni langu..."

"Umesema ukweli, vizuri. Na mimi umeniacha wapi?" Sauti yake haikupanda. "Nilikubeba mgongoni mbele za watu. Sikukuomba asante. Wewe umeshuka, umejipangusa vumbi, umeniacha nimeinama. Hata hukunipigia simu. Ungesema, Mama, kesho nataka kusema ukweli, wewe unasemaje? Mara ya kwanza hukuniuliza kuhusu nyumba. Mara ya pili hukuniuliza kuhusu jina langu."

Alisimama pale katikati ya sebule, mwanaume mwenye mvi, na aibu ikamjaa mpaka masikioni. Ile ya ukumbini ilikuwa ya kuonekana. Hii ilikuwa ya kujiona.

"Chukua hivyo vitu," mama alisema. "Vipeleke kwa Mama Pacha. Umweleze kwa mdomo wako, ukimtazama, kwamba mimi sina shida ya blanketi, na kwamba nilisema vile kwa sababu wewe ni mwanangu. Usimpe simu asikilize. Wewe mwenyewe."

Akavibeba. Barabara ile haina upana wa hatua ishirini, lakini siku hiyo ilikuwa ndefu. Muuza mkaa akamwita, "Vipi, Jicho, unahama?" na watu wawili wakacheka. Kifuniko cha sufuria kiligonga kila alipopiga hatua, kikimtangaza.

Mama Pacha alikuwa barazani akichagua mchele kwenye ungo. Wale pacha wake walishakuwa watu wazima, mmoja daktari wa meno, mwingine hana anachofanya, lakini yeye alibaki na jina. Alipokea salamu yake, akamwonyesha kigoda, akaendelea kuchagua. Jicho akasema yote aliyotumwa, akimtazama kama alivyoagizwa, na ilikuwa kazi ngumu kuliko darasa lote.

Mama Pacha alitupa kijiwe kimoja uani.

"Umemaliza?"

"Nimemaliza, Mama Pacha."

"Sasa nisikilize. Mimi nimekaa kwenye lile kochi miaka yote tangu liliponunuliwa. Ile rangi ya bluu nilikwenda naye dukani kuichagua, yeye akitaka ya kijani, mimi nikamwambia kijani ni ya ofisi ya posta. Makochi yakiwa uani yananyeshewa, nani unadhani alitoka na mvua kufunga turubai upya? Watu wako walikuwa ndani wanakunywa soda. Wewe ulifikiri mtaa huu hauijui nyumba ya mama yako?"

Jicho aliinamisha macho kwenye ungo.

"Siku ile ukumbini, aliposema ndivyo, watu zaidi ya mia moja tulijua si ndivyo. Kuna aliyecheka? Kuna aliyebisha? Tulinyamaza kwa sababu tulimwona mama mtu mzima anamsitiri mtoto wake. Nikarudi nyumbani nikawaza, sasa huyu akikutana na mimi atanitazama vipi? Atajua kwamba najua. Ndiyo nikachukua mablanketi. Nikamfanya aone nimeamini. Asione haya." Akatikisa ungo. "Nayo ni mablanketi yangu mazuri. Nimelala na baridi siku tatu."

Alisema hilo la mwisho kwa mzaha, akamtazama kuona kama atacheka. Jicho hakuweza. Alijiona akiwa katikati ya watu hawa wote, siku zote zile, kila mmoja akimfunika mwenzake kwa utulivu, na yeye peke yake, bingwa wa kutazama, ndiye asiyeona kitu. Machozi yakamtoka, akayaacha.

"Usiniharibie mchele," Mama Pacha alisema kwa upole. "Nenda. Na hayo niliyokwambia, ukiweza, mwache asijue."

Alirudi. Mama alikuwa palepale.

"Amesemaje?"

Njia ya kurudi ilikuwa fupi, na katika ufupi ule Jicho alikuwa ameshaandaa jibu zuri la kusitiri kila mtu. Alikuwa nalo tayari. Lakini akauliza kwanza, kwa mara ya kwanza katika mambo haya yote.

"Mama, kuna jambo amesema, na ameomba usijue. Unataka nikwambie, au niache?"

Mama alimkazia macho.

"Sema."

Akasema. Mama alisikiliza mpaka mwisho, mdomo umefumbwa. Jicho alipofika kwenye turubai na mvua, mama aliinua mkono kumsimamisha, akakaa hivyo kidogo, kisha akaushusha ili aendelee. Baada ya hapo aliinuka, akatafuta viatu vyake, akatoka bila kuaga.

Dada yake alitokea mlangoni mwa chumba cha ndani, na utepe wa kupimia shingoni. Alikuwa amesikia kila kitu, kama kawaida.

"Usikae kwenye kochi lake," alisema. "Kaa kule."

Akakaa kule. Walingoja. Kutoka ng'ambo ya barabara hawakusikia sauti ya ugomvi wala ya kicheko. Baada ya kama nusu saa wale wanawake wawili walionekana wakivuka, wakiwa wameshikana mikono, macho ya wote mekundu, na Mama Pacha akiwa bado ameshika ungo wake kama mtu aliyetoka nyumbani kwa haraka akasahau kuuacha. Waliingia, wakakaa makochi mawili yanayotazamana, wakaanza kuzungumza habari za foleni ya zahanati na yule nesi mwenye simu, kana kwamba Jicho hayupo.

"We," mama yake alisema hatimaye, bila kugeuka. "Mgeni hana kikombe."

Aliinuka haraka akaenda jikoni. Chai ikamwagika kwenye sahani, akairudisha, akafuta, akamimina tena. Alipomwekea Mama Pacha mbele yake alisema "Karibu" kwa sauti ya chini, kama alivyofundishwa utotoni, na Mama Pacha akasema "Asante, mwanangu," na hawakuongeza.

Mambo yaliishia hivi. Chuo hakikumfukuza, lakini mwaka huo aliomba mwenyewe apumzike kufundisha. Mwongozaji hakumpigia tena. Kazi zilipungua, kisha zikarudi, nyingine zikiwa ndogo. Aliwahi kumwomba mama yake ruhusa ya kuipiga picha sebule kama ilivyo, bila kugusa kitu kweli kweli, na mama akamjibu kwamba nyumba yake imeshapigwa picha inatosha. Hakumwomba tena. Humtembelea kila Jumamosi, na mama humpokea vizuri, humuuliza habari za kazi, husikiliza majibu. Filamu zake haendi kuziona. Hajasema ni kwa sababu gani, na Jicho hajathubutu kumuuliza kama bado ni kwa sababu ya vile viti vya sinema.